Paka wa marehemu mama hatoki mvunguni

Shangazi, shikamoo.

Nakuandikia saa tano usiku. Nimekaa sakafuni chumbani kwangu, taa nimezima, na macho mawili yananitazama kutoka mvunguni mwa kitanda. Leo ni siku ya 11.

Mama yangu alifariki Pangani miezi miwili iliyopita. Alikuwa akiishi peke yake na paka wake, jike wa rangi ya kahawia mwenye michirizi, jina lake Kashata. Alimwokota akiwa mdogo wa kukaa kiganjani, na sasa anakaribia miaka 6. Wageni wa nyumba ile walikuwa wa kuhesabu. Mama akiamka alfajiri kuswali, Kashata yuko pembeni ya msala. Mama akienda uani, naye nyuma yake. Tangu siku ya mazishi hadi hitima hakuonekana, majirani wanasema alikuwa amejificha darini. Watu walipotawanyika ndipo aliposhuka, akawa analala kwenye kizingiti cha chumba cha mama. Nyumba ilikuwa ya kupanga na baada ya arobaini mwenyewe aliitaka. Ndugu zangu wakasema paka hujitafutia, mwacheni. Mimi sikuweza.

Nilimtia kwenye kiroba nilichokitoboa matundu, nikakifunga mdomo, nikapanda naye basi mpaka Dar. Alilia njiani, kisha akanyamaza, na ule ukimya ndio ulionitisha zaidi. Tulipofika nilikuta amejikojolea, nikamwosha kwa sabuni, nikamwachia sebuleni. Watoto walikuwa wanamsubiri kwa hamu, televisheni imewashwa, wifi yangu na wanawe nao wamekuja kumwona. Alizunguka ukutani mara mbili kama asiyeona, akaingia mvunguni, na huko ndiko aliko hadi leo.

Anakula usiku tu, tukishalala, na kidogo. Siku mbili za kwanza hakujisaidia kabisa, kisha akaikojolea kanzu ya mume wangu iliyokuwa imeanguka chini. Nimemwekea karai la mchanga jikoni, karibu na friji, analitumia mara mojamoja. Juzi mwanangu mkubwa, wa miaka 9, alimvuta miguu ya nyuma ili acheze naye. Akamparura mkono na kumng'ata kidole. Nilimpaka spiriti, damu ikakata.

Mume wangu ni mtu mwema, ila hakukulia na paka. Anasema huyu ana kisirani, na kwamba nyumba tunayoswalia haiwezi kukaa na mnyama anayekojoa ovyo. Idi imebaki wiki tatu na tunatarajia wageni kama 12. Anataka Kashata arudishwe Pangani kabla ya hapo. Jirani wa mama amesema atakuwa anamtupia dagaa.

Vitu vya mama tuligawana. Mimi nilichukua msala, birika lake na kanga mbili. Moja nimeifua. Nyingine bado imo kwenye begi, sijaweza kuigusa.

La mwisho naona haya kuliandika. Nina ujumbe wa sauti wa mama kwenye simu. Jana usiku niliufungua. Mama anasema, "Mwanangu, umekula?" Kashata akatoka mvunguni, masikio yamesimama. Akaja akainusa simu, akatazama nyuma yangu, akazunguka chumba kizima, akaenda mlangoni. Kisha akarudi mvunguni akatoa mlio ambao sijawahi kuusikia kwa paka. Nami nikalia.

Shangazi, nimrudishe? Au kuna namna ya kumfanya ajue kwamba hapa pia ni kwao? Tunakaa ghorofa ya tatu, vyumba viwili, sebule na stoo.

Binti wa Pangani,
Upanga, Dar es Salaam

*

Marahaba mwanangu. Pole sana, Mwenyezi Mungu amrehemu mama na akupe subira.

Kabla ya Kashata, mkono wa mtoto. Kesho asubuhi mpeleke kituo cha afya, umweleze daktari kwamba ameng'atwa na paka ambaye huna hakika kama amechanjwa. Kichaa cha mbwa jina lake linatudanganya. Paka hukipata na hukiambukiza, na kwa binadamu kikishaonyesha dalili hakuna tiba ya kutegemea. Chanjo inayotolewa mapema ndiyo inayookoa. Sisemi Kashata anao. Nasema swali hilo lijibiwe hospitali. Meno ya paka nayo ni membamba kama sindano: tundu la juu linaziba upesi na uchafu unabaki ndani, kwa hiyo kidole kikivimba au kikipata joto usingoje. Na siku nyingine yeyote akiparurwa au kung'atwa, kabla ya spiriti ni sabuni na maji yanayotiririka, dakika 15 kamili kwa kuangalia saa.

Kuna jambo jingine hapo. Paka aliyemng'ata mtu hutakiwa kuangaliwa kwa siku 10 aonekane kama ni mzima. Ukimpandisha basi wiki hii, nani atamwangalia? Hiyo peke yake ni sababu ya kutosha ya kumwambia baba watoto avute subira.

Sasa swali lako. Usimrudishe. Ungemrudisha kwa nani? Nyumba ina wenyewe wengine, na yule aliyekuwa akimfuata uani hayupo. Atakalia kizingiti kisicho chake mpaka afukuzwe kwa fagio, na dagaa za jirani zitakuwa za siku anayokumbuka. Wewe ulishafanya lililo gumu ulipokataa kumwacha. Yaliyobaki ni kazi ya taratibu, na yanawezekana.

Baba watoto anasema ana kisirani. Mwambie ni hofu. Paka anaijua nyumba kwa pua. Pembeni ya mashavu yake kuna tezi zinazotoa harufu, na unapomwona anajisugua shavu kwenye mguu wa meza au fremu ya mlango, anaacha alama inayomwambia: hapa nimeshapita, hapa pana amani. Pangani kila kona ilikuwa na alama yake, miaka sita akizirudia. Ukamtia kirobani gizani, ukamtoa kwenye nyumba ambayo haina hata alama moja, ukamwosha kwa sabuni ukamwondolea hata harufu yake mwenyewe, kisha ukamweka katikati ya watu wanane na televisheni. Sikulaumu, hukuwa na wa kukuambia. Lakini jiweke mahali pake uone kama nawe usingetafuta mvungu.

Halafu kuna suala la watu. Paka huzoea binadamu akiwa mchanga sana, hasa kuanzia wiki ya pili hadi ya saba ya maisha yake. Anayeshikwa na watu wengi kipindi hicho, wakubwa kwa wadogo, hukua akiwaona watu wote ni wa kawaida. Kashata wako aliokotwa akiwa kiganja kimoja na akalelewa na mtu mmoja, mwenye sauti moja na mwendo mmoja. Kwake yeye "mtu" maana yake ni mama. Hilo hatulifuti. Tunachofanya ni kumwongezea watu mmojammoja, na wewe unaanza.

Anza na stoo. Itoe vitu vya hatari, mafuta ya taa, sumu ya panya, kamba na nyuzi, uifagie na kuipangusa kwa maji matupu. Usitumie zile dawa za kusafishia zinazogeuka nyeupe kama maziwa zikitiwa maji. Nyingi zina fenoli, na paka akikanyaga kisha akajilamba zinamdhuru. Chakula upande mmoja, maji mbali kidogo na chakula, na karai la haja kona ya upande wa pili. Pale jikoni friji linanguruma na watu wanapita, ndiyo maana analikwepa. Kwao alizoea kuchimba udongo wa uani, basi changanya mchanga na udongo mkavu, ukiweza kuupata, ili mguu wake uutambue. Zoa kila siku. Ile kanzu ilimponza kwa sababu ilikuwa laini, iko kwenye kona tulivu, na yeye alikuwa amejibana siku mbili. Hakuikusudia kanzu wala mwenye kanzu.

Halafu tafuta boksi. La tambi, la feni, lolote analoenea akajigeuza. Kata mlango mmoja wa kutosha kupita, uuelekeze pembeni, usiukabili mlango wa stoo. Wengi hudhani paka akipewa pa kujificha atajificha milele. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Utrecht, Uholanzi, walilipima jambo hili mwaka 2014 kwa paka waliopokewa kwenye kituo cha kulelea wanyama: baadhi walipewa maboksi ya kujificha, wengine hawakupewa. Waliopewa boksi ndio waliotulia mapema, tofauti ikaonekana ndani ya siku chache. Mwenye pa kukimbilia hupata ujasiri wa kuchungulia. Juu ya rafu moja tandika kitambaa pia, maana paka akiwa juu anaona kila anayekuja, na moyo wake hutulia.

Kumhamisha kutoka mvunguni kwenda stoo kusiwe kwa kuvutwa. Usiku mkishalala ndipo anapokula, sivyo? Basi kila usiku sogeza sahani hatua moja kuelekea stoo, acha milango wazi, taa zimezimwa. Huenda ikachukua siku nne au tano. Akishaingia na kulijua boksi, ziba mvungu wa kitanda kwa masanduku au mabegi, na mlango wa stoo uwe unafungwa mchana.

Ndani ya boksi weka ile kanga. Najua ninachokuomba. Ile ambayo hujaifua.

Harufu ya mama ndicho kitu pekee cha Pangani ambacho bado mnacho nyote wawili, na wewe umeificha kwenye begi kwa sababu ile ile inayomfanya yeye akae mvunguni. Itandike kama ilivyo, usiikung'ute. Na usifukize udi karibu na stoo kwa sasa, wala usijipake marashi kabla ya kuingia kwake. Moshi na manukato vinafunika kila kitu anachojaribu kukitambua.

Lakini ule ujumbe wa sauti usimfungulie tena. Mwaka 2013 watafiti wa Chuo Kikuu cha Tokyo waliwachezea paka sauti zilizorekodiwa za wageni na za wenyewe, na paka wakaitofautisha sauti ya mwenyewe. Kashata aliijua sauti ya mama kama unavyoijua wewe. Tofauti yenu ni kwamba wewe unajua simu ni simu. Yeye aliambiwa mama yupo, akaenda kumtafuta, hakumkuta. Kanga haimwiti, inampa mahali pa kulala tu. Ujumbe ule uusikilize wewe, ukiwa peke yako, kila unapouhitaji.

Chakula kiwe kile kile cha mama. Kama alikuwa akimchemshia dagaa na wali, endelea hivyo hivyo, na kama sahani yake ipo kwa jirani, omba uletewe. Kipashe kidogo kiwe vuguvugu, harufu itoke. Kisiwe na kitunguu maji wala kitunguu saumu. Mchuzi wa nyumbani kwako unaweza kumharibia damu. Maziwa mengi watu hudhani ni zawadi kwa paka, kumbe paka mkubwa mara nyingi humharisha. Na tafadhali, hata ukimwona amenyong'onyea vipi, usimpe Panadol. Kidonge kimoja kinatosha kumuua. Akipitisha siku mbili bila kutia kitu mdomoni, au siku nzima bila kukojoa, hapo hakuna subira tena, mpeleke kwa daktari wa mifugo. Paka asipokula mafuta humvamia ini haraka kuliko wanyama wengi. Siku hiyo msafirishe kwenye kikapu kigumu chenye mfuniko, kimefunikwa shuka, chini umetandika kitambaa alichokilalia. Kiroba kamwe. Daktari huyo huyo atampa chanjo, na mzungumze kuhusu kumfunga kizazi.

Sasa wewe mwenyewe. Kila jioni ingia stoo, kaa chini, mgeuzie ubavu. Usimwite, usimtazame sana, usinyooshe mkono kuelekea kwenye boksi. Chambua mchele, jipake mafuta miguuni, soma. Anatakiwa aone kwamba mtu anaweza kukaa karibu naye bila kumtaka kitu. Hapa ndipo wengi tunapoharibu, kwa sababu tunapenda, na mwenye kupenda mikono haimtulii. Macho yenu yakikutana, yafumbe polepole, yafumbue polepole, kisha geuza uso. Mwaka 2020 watafiti wa vyuo vikuu vya Sussex na Portsmouth vya Uingereza walijaribu hivyo na paka wasiowajua, wakakuta paka waliofumbiwa macho taratibu walikuwa tayari zaidi kuusogelea mkono wa mgeni. Kwa paka, kukodolewa macho ni vitisho. Siku atakayokujibu kwa kufumba ya kwake utaijua, wala hutahitaji kuambiwa.

Akija, mpe kidole kimoja akinuse. Akisugua shavu, mkune shavuni na chini ya kidevu, mara tatu, uache. Umwache yeye ndiye atake zaidi. Usimshike tumbo wala mkia, na usimbebe. Siku ambazo ameruhusu kukunwa, chukua kitambaa safi cha pamba, mpanguse nacho mashavu taratibu, kisha kipitishe kwenye miguu ya viti na fremu za milango ya nyumba nzima, kimo cha goti lako au chini zaidi. Unamtangulizia alama zake. Siku atakapotoka atakuta nyumba inamjua.

Mwanao wa miaka 9, mkono ukishapona, ndiye mtu wa pili. Je, anasoma chuo cha Qurani? Mpeleke akakae mlangoni mwa stoo arudie sura zake kwa sauti ya chini, robo saa, mgongo umeelekea boksi. Sauti ya mtoto isiyopanda wala kushuka, kila siku saa ile ile, ni dawa nzuri kwa paka mwenye hofu, na Kashata tangu utotoni amesikia Qurani ikisomwa alfajiri. Yule mdogo mpe kazi moja tu: kubeba sahani hadi mlangoni, kuiweka chini na kuondoka bila kukimbia. Watoto huchokoza wakiwa hawana kazi. Sheria ya nyumba iwe moja na isivunjwe na mtu yeyote, wewe ukiwemo: Kashata akiwa ndani ya boksi, haguswi.

Baba watoto usimlazimishe kupenda. Mwombe fulana moja aliyoivaa siku nzima, uiweke karibu na sahani ya chakula, ili harufu yake iende pamoja na shibe. Akipita stoo apite tu. Nimeona mara nyingi paka akiingia kwenye chumba chenye watu, humwendea yule asiyemjali, kwa sababu ndiye peke yake asiyemkodolea macho. Na kuhusu swala, mkumbushe kwa upole. Mkojo ni najisi, kanzu inafuliwa, hakuna ubishi. Paka mwenyewe sivyo. Sahaba Abu Qatada alimwinamishia paka chombo cha maji anywe, akasimulia kwamba Mtume (S.A.W.) amesema si najisi, ni katika wale wanaotuzungukazunguka. Pale palipokojolewa osha kwa sabuni, kisha suuza kwa maji yenye siki, maana harufu ikibaki atadhani ndiyo kwake.

Nakuja kwenye Idi. Wiki tatu ni chache, nisikudanganye. Idi hii Kashata hapokei wageni. Kuanzia usiku wa kuamkia sikukuu awe stoo, mlango umefungwa kwa ufunguo, na ufunguo uufunge kwenye pindo la kanga yako, usiuache mlangoni. Watoto wa wifi yako watataka "kumwona tu". Hapana ni hapana. Weka redio kwa sauti ndogo nje ya mlango, ipunguze makelele ya wageni na fataki za nje. Wageni wakiondoka na nyumba ikatulia, kaa naye kama kawaida. Baada ya sikukuu ndipo utaanza kumjulisha kwa watu wa nje, mmoja kwa wakati, na umchague mtu mpole. Wifi yako aje peke yake, anywe chai na wewe, asiulize paka yuko wapi. Akichungulia, mgeni adondoshe kipande cha samaki sakafuni bila kumtazama. Basi, yatosha kwa siku hiyo.

Lini umfungulie nyumba? Akiwa anakula mchana mbele yako, na anakuja kwako mkia umesimama wima kama mlingoti. Mkia wa namna hiyo ni salamu. Fungua mlango wa stoo usiku kwanza, wote mmelala, atembee atakapo na arudi atakapo. Kisha mchana nyumba ikiwa na watu wachache. Boksi lake lisihamishwe hata akianza kulala sebuleni. Siku akiogopeshwa na fundi au na chuma kilichoanguka, atarudi humo saa moja, na atatoka mwenyewe.

Kwa kuwa mko ghorofa ya tatu, funga wavu wa chuma madirishani na kwenye roshani kabla hujamfungulia. Paka mwenye hofu haangalii kimo. Na kwa mwezi mzima asitoke nje ya nyumba, hata alie mlangoni. Miaka mingi iliyopita nilihama mtaa na dume langu, nikamwonea huruma nikamtoa uani siku ya tatu. Akaruka ukuta. Nililizunguka eneo lile siku sita nikigonga sahani kwa kijiko, nikamkuta kwenye nyumba tuliyohama, amekaa chini ya tenki la maji, amekonda mbavu zinahesabika. Barabara mbili kubwa alizivuka. Hadi leo nikilikumbuka lile tenki moyo unaniuma.

Sitakuahidi kwamba atakuwa paka wa kupakatwa. Wengine hawawi, na hilo si kosa lako wala lao. Ikipita miezi mitatu, umeyafanya haya yote, na bado anaishi kwa kujificha, niandikie tena, tutamtafutia mama mtu mzima anayeishi peke yake, nyumba yenye uwanja. Ila sidhani kama tutafika huko. Paka aliyetoka mvunguni kwa sauti ya mtu hajayakatia tamaa maisha ya watu.

Ile kanga usiifue, hata ikijaa manyoya. Siku moja utaingia stoo umkute boksini hayumo, amelala juu ya begi la shule au ile fulana ya baba watoto. Subiri wiki moja zaidi uone kama anarudi rudi huko. Ndipo uikunje kanga, uirudishe begini, iwe yako.

Shangazi yako